Lita ya Dizeli na Gunia la Kahawa

Kila Jumatano ya kwanza ya mwezi, Mamlaka ya Udhibiti wa Huduma za Nishati na Maji (EWURA) hutangaza bei kikomo za petroli, dizeli na mafuta ya taa kwa miji ya Tanzania Bara. Moshi nayo ina mstari wake katika jedwali hilo. Mkulima wa kahawa wa Marangu au Kibosho huenda asilione jedwali lenyewe, lakini ataikuta bei hiyo katika nauli ya gari la kwenda mjini, katika bei ya mbolea, na katika makato ya usafirishaji wa kahawa yake. Kahawa hiyo nayo huuzwa katika mnada wa Moshi kwa bei inayofuata mwenendo wa soko la New York. Hivyo mkulima huyo hununua nishati kwa bei iliyopangwa mbali, na huilipia kwa zao ambalo bei yake pia imepangwa mbali. Watu wengi wanapozungumza juu ya mwisho wa mafuta hufikiria siku visima vya dunia vitakapokauka. Kwa nchi inayonunua mafuta yake yote kutoka nje, shida haikungoja siku hiyo.

Yafaa kwanza kueleza kwa nini kimiminiko hiki kimeshika maisha ya watu kwa nguvu namna hii. Lita moja ya dizeli ina nishati ya megajuli 36 hivi, yaani kilowati-saa 10. Mtu mwenye afya njema anayelima kwa jembe anaweza kutoa nguvu ya wati 75 hivi kwa muda wa saa nane. Jumla yake ni kilowati-saa 0.6. Injini ya dizeli hupoteza karibu theluthi mbili ya nishati yake kama joto, lakini theluthi inayobaki, yaani kilowati-saa 3 na kitu, bado ni sawa na kazi ya watu watano kwa siku nzima. Hakuna kibarua anayeweza kushindana na ujira wa namna hiyo. Zaidi ya hayo, mafuta hubebeka. Hayahitaji waya wala mfereji, hukaa katika pipa kwa miezi mingi, na hufika popote lori linapoweza kufika. Makaa ya mawe ni mazito, na umeme ni mgumu kuhifadhi. Ndiyo maana vyombo vya usafiri vimefungwa na mafuta kuliko mitambo ya viwandani.

Mlima huzidisha mahitaji hayo. Kati ya mji wa Moshi na vijiji vya Marangu kuna tofauti ya kimo cha meta 500 hivi. Kuinua tani moja ya mzigo kwa kimo hicho, bila kuhesabu msuguano wala uzito wa gari lenyewe, kunahitaji megajuli 4.9. Kwa kuwa injini hutumia theluthi moja tu ya nishati inayopewa, dizeli inayoungua kwa ajili ya kupanda peke yake ni lita 0.4 kwa kila tani. Mbolea, saruji, mabati na chumvi hupanda kwa malipo hayo. Kahawa na ndizi hushuka, lakini nishati ya kushuka huishia katika breki, nazo hupata moto na kuitawanya hewani. Jambo hili litarejewa baadaye, kwani lina faida yake.

Wazee wa Uchagga walijua matumizi mengine ya mteremko. Mifongo, yaani mifereji iliyochimbwa kutoka kwenye mito ya juu hadi vihambani, ilipeleka maji kwa nguvu ya uvutano wa dunia bila pampu hata moja. Mfumo huo ulidai kazi kubwa ya pamoja ya kuchimba na kuzibua, ila haukudai fedha za kigeni. Kwa upande mwingine, zao la kahawa tangu mwanzo lilihitaji kufika baharini, na njia yake ilikuwa reli. Reli ya kutoka Tanga ilifika Moshi mwaka 1911. Wakati wa Vita Kuu ya Kwanza jeshi la Waingereza lilijenga njia ya kutoka Voi hadi Kahe, ikaunganisha Kilimanjaro na Mombasa. Tani moja inayosafirishwa kwa reli hutumia mafuta machache mno kuliko ikibebwa kwa lori. Hata hivyo malori yaliongezeka mwaka hata mwaka, kwa sababu lori humfuata mtu mlangoni na mafuta yalikuwa rahisi.

Urahisi huo ulikoma ghafla. Nchi zinazouza mafuta zilikuwa zimeunda umoja wao, OPEC, mjini Baghdad mwaka 1960, lakini kwa zaidi ya miaka kumi makampuni makubwa ya Ulaya na Marekani yaliendelea kuwa na sauti kuu katika bei. Vita vya Oktoba 1973 kati ya Waarabu na Israel vilibadili mambo. Nchi za Kiarabu zilipunguza uchimbaji na kuzinyima mafuta baadhi ya nchi, na bei ya pipa moja ikapanda kutoka dola 3 hivi hadi karibu dola 12 mwanzoni mwa mwaka 1974. Tanzania ilivunja uhusiano na Israel mwezi huo huo wa Oktoba, kama zilivyofanya nchi nyingi za Afrika. Wengi barani walitumaini kwamba marafiki wangeuziwa kwa bei ya kirafiki. Haikuwa hivyo: misaada na mikopo ilitolewa, na Benki ya Kiarabu kwa Maendeleo ya Kiuchumi ya Afrika ikaanza kazi mwaka 1975, lakini pipa lenyewe liliuzwa kwa bei ile ile kwa rafiki na asiye rafiki. Siasa iliweza kufunga bomba, isiweze kumpunguzia maskini bei.

Kilimanjaro ilipata nafuu ya bahati. Mwezi Julai 1975 baridi kali iliunguza mibuni ya Brazil, na miaka miwili iliyofuata bei ya kahawa duniani ilipanda mno. Gunia la kahawa likaweza tena kununua mafuta. Lakini nafuu iliyotokana na msiba wa mkulima mwingine haiwezi kuwekwa katika mpango wa maendeleo. Mwaka 1977 Jumuiya ya Afrika Mashariki ilivunjika na mpaka wa Kenya ukafungwa hadi mwaka 1983, hata mlango wa Mombasa ukazibwa. Vita vya Kagera vya mwaka 1978 na 1979 vilikula mafuta mengi, na wakati huo huo mapinduzi ya Iran yalipandisha tena bei ya pipa, ikavuka dola 30. Kahawa sasa ilikuwa ikishuka.

Waliokuwa watu wazima miaka hiyo hawahitaji kuelezwa. Magari ya binafsi yalikatazwa kutembea Jumapili kuanzia saa nane mchana. Mafuta ya taa yaliadimika madukani. Ilikadiriwa kuwa nusu ya fedha zote za kigeni, au hata zaidi, ilikwenda katika mafuta. Hapa lipo jambo ambalo wanafunzi wa uchumi wangelitazama kwa makini: nchi ilipunguza kiasi cha mafuta ilichonunua, na bado gharama yake ilizidi kupanda. Kubana matumizi husaidia pale tu bei inapotulia. Tena kilichobanwa hakikuwa anasa peke yake. Lori lililokosa dizeli liliacha mahindi kijijini na pembejeo stesheni. Kiwanda kilichokosa vipuri, kwa kuwa fedha za vipuri zilikwenda katika mafuta, kilisimama hata kama kiliendeshwa kwa maji. Kituo kidogo cha umeme cha Kikuletwa, kusini mwa Moshi, kilichojengwa wakati wa ukoloni, kilikoma kuzalisha katika miaka hiyo hiyo ya 1980, wakati ambapo kila kilowati isiyotokana na mafuta ilikuwa na thamani kubwa. Baadaye kilikabidhiwa Chuo cha Ufundi Arusha kwa ajili ya mafunzo ya nishati.

Siasa ya mafuta haiko Ghuba ya Uajemi peke yake. Iko pia katika kodi. Kwa muda mrefu mafuta ya taa yalitozwa kodi ndogo ili mwananchi wa kijijini apate mwanga. Tofauti hiyo ya bei iliwavuta wafanyabiashara wasio waaminifu kuyachanganya na dizeli, na Kiswahili kikapata neno la uchakachuaji. Katika bajeti ya mwaka 2011/12 serikali ilipandisha kodi ya mafuta ya taa hadi kukaribia ile ya dizeli. Injini za magari zilinusurika, lakini mwenye koroboi ndiye aliyelipa. Ni vigumu kusema kwamba kulikuwa na njia nyepesi zaidi. Ni vigumu pia kusahau ni nani aliyebebeshwa mzigo.

Bei ya pipa nayo imeruka kama panzi. Julai 2008 ilifika dola 147. Aprili 2020, wakati wa ugonjwa wa UVIKO-19, mikataba ya mafuta ya Marekani iliuzwa kwa siku moja chini ya sifuri, kwa kuwa mapipa yalikosa pa kuwekwa. Baada ya Urusi kuivamia Ukraine Februari 2022 pipa lilivuka dola 120, na mwezi Juni mwaka huo serikali ya Tanzania ilitoa ruzuku ya shilingi bilioni 100 ili kupoza bei za mwezi mmoja. Fedha hizo zilikwisha kama mafuta yenyewe yanavyokwisha. Mbolea za naitrojeni, ambazo hutengenezwa kwa gesi asilia, zilipanda pamoja na mafuta, hivyo mkulima alipigwa mara mbili kwa fimbo moja.

Je, mafuta ya nyumbani yangekuwa dawa? Bomba la mafuta ghafi la Afrika Mashariki, lenye urefu wa kilometa 1,443 kutoka Hoima, Uganda, hadi Chongoleani karibu na Tanga, limepangwa kupita kusini mwa Kilimanjaro. Mafuta ya Uganda ni mazito, yana nta nyingi, na lazima yapashwe moto njiani ili yasigande. Lakini Chongoleani ni bandari ya kupakia meli. Tanzania iliwahi kuwa na kiwanda cha kusafisha mafuta, TIPER, kule Kigamboni, tangu miaka ya 1960. Usafishaji ulikoma mwaka 2000, na mahali hapo pakabaki maghala. Nchi isiyosafisha mafuta huweza kutoza ushuru wa bomba na bado ikanunua dizeli kwa bei ya dunia. Mapato ya bomba ni mapato halali, ila hayaongezi hata lita moja katika kituo cha mafuta cha Moshi.

Wala si kweli kwamba mafuta yako karibu kwisha. Mwaka 1956 mwanajiolojia M. King Hubbert alikadiria kwamba uchimbaji wa Marekani ungefikia kilele karibu na mwaka 1970, na ikawa hivyo. Lakini mbinu mpya za kupasua miamba ziliinua uchimbaji huo hadi ukaupita ule wa kilele mwaka 2018. Kikomo kinachoonekana sasa ni cha anga: kaboni iliyomo ardhini ni nyingi kuliko ile inayoweza kuunguzwa bila madhara makubwa. Watu hupenda kuonyesha theluji ya Kibo, ambayo barafu yake ilipungua kutoka kilometa za mraba 11.4 mwaka 1912 hadi 1.76 mwaka 2011. Mfano huo utumiwe kwa uangalifu, kwa kuwa ukavu wa hewa ulianza kuila barafu hiyo tangu karne ya kumi na tisa, na mito ya mlima hulishwa zaidi na mvua ya ukanda wa msitu kuliko na barafu.

Matumaini yaliyopo yamo katika umeme. Bwawa la Julius Nyerere kwenye mto Rufiji, lenye uwezo wa megawati 2,115, lilianza kuzalisha mwaka 2024, na mitambo yake yote tisa ilikamilika mwaka 2025. Karibu zaidi, kiwanda cha sukari cha TPC huzalisha umeme kwa makapi ya miwa na kuiuzia TANESCO ziada. Lakini Rufiji ni mbali, na umeme hupotea njiani. Ndiyo sababu iliyotolewa Machi 2025 serikali ilipoeleza mpango wa kununua umeme wa Ethiopia kwa mikoa ya kaskazini. Betri nazo hutoka nje. Utegemezi huo si wa namna moja na ule wa mafuta: betri hununuliwa mara moja kwa miaka kadhaa, ilhali dizeli hununuliwa kila asubuhi, na meli ya betri ikichelewa bodaboda ya umeme haisimami siku hiyo.

Hapo ndipo mteremko unaporudi katika hesabu. Mota ya gari la umeme, gari linaposhuka, hugeuka kuwa jenereta na kurudisha katika betri sehemu ya nishati ambayo breki zingeitupa. Lori linaloshusha tani tano za ndizi au kahawa kwa kimo cha meta 500 lina kilowati-saa 6.8 za mzigo huo peke yake. Nusu yake ikirudishwa, zinapatikana kilowati-saa 3.4. Darasa la fizikia la shule yoyote ya mlimani linaweza kulipima jambo hili. Ramani ya kontua itatoa kimo, na mizani ya chama cha msingi itatoa uzito wa magunia. Sharti mzigo unaopanda upimwe pia, maana wakati wa mavuno ya kahawa magari mengi hupanda matupu, lakini wakati wa ujenzi hupanda na saruji.