Pampu ya mabomba mawili kwa kisima kifupi

Wengi wetu tunachota maji kwa ndoo na kamba. Ndoo inawekwa chini, kwenye tope na mavi ya mbuzi. Kamba inaburutwa ardhini. Kisha vyote viwili vinatumbukizwa kisimani. Uchafu wa juu unaingia kwenye maji, na maji hayo tunayanywa. Kuhara na kipindupindu huenea kwa njia kama hiyo. Tena kisima kilicho wazi ni hatari kwa watoto wadogo.

Dawa yake ni kukifunika kisima na kutoa maji kwa pampu. Leo tutaeleza pampu ndogo ambayo mtu anaweza kuitengeneza nyumbani. Inafaa kisima kisichozidi mita 5, kwa matumizi ya nyumba moja au nyumba chache. Kisima kirefu zaidi kinahitaji pampu ya aina nyingine.

Inavyofanya kazi

Pampu hii ni mabomba mawili ya plastiki, moja ndani ya jingine. Bomba la nje limesimama kisimani, halitikisiki. Bomba la ndani linapanda na kushuka. Kila bomba lina kizibo chenye tundu kwenye mwisho wake wa chini. Juu ya tundu kuna ulimi wa mpira. Ulimi huu ni kama mlango unaofunguka upande mmoja tu. Maji yanaweza kupanda, lakini hayawezi kurudi.

Ukivuta bomba la ndani juu, ulimi wa bomba la nje unafunguka, maji yanaingia. Ukisukuma chini, ulimi huo unajifunga. Maji yanakosa njia ya kurudi, basi yanafungua ulimi wa pili na kupanda ndani ya bomba dogo. Ukiendelea kuvuta na kusukuma, yatafika juu na kumwagika kwenye ndoo.

Vitu vinavyotakiwa

Bomba la plastiki la inchi 1 na nusu, na jingine la inchi 1. Mara nyingi huuzwa kwa urefu wa mita 6. Kiungo cha T na kona moja vya inchi 1, na gundi ya mabomba. Kipande cha mti mgumu. Tyubu kuukuu ya baiskeli. Kandambili iliyochakaa. Skrubu ndogo za shaba, maana za chuma zitapata kutu. Kwa kazi ya kuchonga, tumwite fundi seremala.

Kupima

Hebu tufanye hesabu. Funga jiwe kwenye kamba safi, ulishushe mpaka chini, kisha upime kamba. Tuseme kutoka juu ya mfuniko hadi chini ni mita 5. Bomba lisiguse chini, lisije likavuta tope. Tuliache juu kwa sentimita 30. Halafu lijitokeze juu ya mfuniko kwa sentimita 30. Tumetoa 30, tumeongeza 30. Kwa hiyo bomba la nje litakuwa mita 5. Bomba la ndani liwe refu zaidi kwa nusu mita, yaani mita 5 na nusu.

Kutengeneza

1. Loweka mti usiku mzima, kwa sababu mti ukilowa hutanuka. Asubuhi chonga vizibo viwili, kila kimoja kienee ndani ya bomba lake. Toboa kila kizibo katikati. Tundu la kizibo kikubwa liwe nene kama kidole gumba, la kidogo kama kidole cha mwisho.

2. Kata ndimi mbili za tyubu, pana kuliko matundu. Zikaze kwa skrubu upande mmoja tu, ili upande wa pili uweze kuinuka.

3. Ingiza vizibo kwenye mabomba, ndimi zikielekea juu. Vikaze kwa skrubu kutoka nje. Kizibo kidogo kijitokeze chini ya bomba lake kwa upana wa vidole viwili. Skrubu za bomba la ndani zizame kabisa, zisikwaruze bomba la nje.

4. Kata pete ya kandambili, uivishe kwenye sehemu iliyojitokeza na kuikaza. Pete iguse bomba la nje pande zote, lakini isibane mno.

5. Juu ya bomba la ndani gundisha T. Hapo ndipo pa kushika. Mkono mmoja wa T uzibwe. Mwingine uwekwe kona inayoangalia chini, ili maji yatokee hapo.

Jaribuni pampu kwanza ndani ya pipa la maji. Ikivuja, rekebisheni. Kisha ishusheni kupitia tundu la mfuniko. Bomba la nje libanwe kwa mbao mbili na bolti. Lisijengewe kwa saruji, maana siku ya matengenezo litatolewa. Kwa ndoo ya lita 20, tutegemee kusukuma mara 40 hivi.

Kwa nini tutengeneze wenyewe?

Mwaka 1971 Tanzania ilianza mpango wa miaka 20 wa maji vijijini. Lengo lilikuwa kila familia ipate maji safi kwa umbali usiozidi mita 400. Mwaka 1974 mkoa wa Shinyanga ulianza mradi wa visima vifupi vya pampu za mkono, kwa msaada wa Uholanzi. Kazi kubwa ilifanyika. Lakini mwaka 1991 ulipofika, lengo la nchi halikuwa limetimia. Sehemu nyingi pampu zilikuwa zimesimama. Sababu moja ni kwamba kifaa kidogo kilichakaa, na kijijini hakikupatikana.

Pampu yetu nayo itachakaa. Ulimi utalegea, pete italika. Lakini tyubu na kandambili tunazo, na aliyezikata mara ya kwanza anaweza kuzikata tena siku hiyo hiyo. Usipoziba ufa utajenga ukuta. Maji yakianza kupungua, msingoje yakatike.

Tusisahau: pampu haisafishi maji, inazuia tu uchafu wa juu. Choo kiwe mbali na kisima, mita 30 au zaidi. Maji yanayomwagika yawe na mfereji. Maji ya kunywa yachemshwe au yatiwe dawa.

Maswali ya kujadili

1. Kisima chako kina mita 4. Bomba la nje litakuwa na urefu gani?
2. Kwa nini ndimi zote mbili zielekee juu?
3. Katika kijiji chetu, pampu ikiharibika leo, nani ataitengeneza?