Nyuma ya Mpira Unaoanguka: Mandhari katika Mchezo wa Fizikia wa Kompyuta

Mnamo mwaka 2008 mwanafunzi wa Chuo Kikuu cha Umeå, kaskazini mwa Uswidi, jina lake Emil Ernerfeldt, alitoa programu ya kompyuta aliyoitengeneza kwa ajili ya tasnifu yake ya shahada ya uzamili. Aliiita Phun. Mwaka uliofuata kampuni ya Algoryx, ya mji huo huo, iliiendeleza na kuipa jina la Algodoo, na ni kwa jina hilo inajulikana leo mashuleni. Kwa sura ni mchezo. Mchezaji huchora duara, mstatili au gurudumu, hubonyeza kitufe, na vitu alivyovichora huanguka, hugongana na kubiringika kwa kufuata kanuni za Newton. Michezo ya namna hii hulinganishwa na sanduku la mchanga la watoto, kwa kuwa haina mshindi wala mshindwa. Mtu hujenga na kubomoa apendavyo.

Programu hii hupatikana bila malipo kwa kompyuta za kawaida, na ikishawekwa haihitaji intaneti. Kwa sababu hiyo yafaa hata shule ambayo ina kompyuta moja tu na maabara yenye vifaa haba. Katika makala haya hatutaeleza namna ya kuitumia toka mwanzo hadi mwisho. Tutazungumzia jambo moja ambalo watumiaji wengi hulichezea kwa furaha lakini hawaliulizi maswali, nalo ni mandhari ya nyuma, yaani ile anga ionekanayo nyuma ya vitu. Mtumiaji anaweza kuigeuza kutoka samawati kuwa nyeusi, nyeupe au rangi yoyote aitakayo; anaweza kuondoa mawingu; anaweza kuweka picha. Je, afanyapo hivyo, ni nini kinachobadilika katika fizikia ya mchezo?

Kwa upande wa rangi, jibu ni fupi: hakuna kinachobadilika. Ndani ya kompyuta rangi ya anga ni namba tatu tu, moja ya wekundu, moja ya ukijani na moja ya ubuluu, kila moja ikiwa kati ya 0 na 1. Namba hizo hupelekwa kwenye kioo cha kompyuta na kuishia hapo. Sehemu ya programu inayokokotoa mwendo wa vitu haizisomi kamwe. Yenyewe husoma tungamo la kila kitu, umbo lake, msuguano wake, mvutano wa uzito uliowekwa na ukinzani wa hewa. Kwa hiyo mchoraji wa anga na mkokotoaji wa mwendo ni kama mafundi wawili wanaofanya kazi katika nyumba moja bila kusemezana.

Katika maumbile sivyo ilivyo. Anga yetu ni ya samawati kwa sababu ipo hewa, na molekuli za hewa hutawanya nuru yenye mawimbi mafupi kuliko nuru yenye mawimbi marefu. Lord Rayleigh alionyesha katika karne ya 19 kwamba utawanyaji huo hupungua kwa kipeo cha nne cha urefu wa wimbi. Chukua nuru ya buluu yenye urefu wa nanomita 450 na nyekundu yenye nanomita 650: gawanya 650 kwa 450, kisha pandisha jawabu kwa kipeo cha nne, utapata kwamba buluu hutawanywa zaidi ya mara 4 kuliko nyekundu. Mwezini hakuna hewa ya kutawanya nuru, kwa hiyo anga ni nyeusi hata mchana. Katika sayari ya Mirihi hewa ni chache na vumbi ni jingi, nayo anga ya mchana huelekea rangi ya hudhurungi. Maana yake ni kwamba mtu anayeitazama anga ya kweli amekwisha pata habari ya hewa iliyopo, na kwa hiyo habari ya ukinzani utakaokipata kitu kinachoanguka. Rangi na mwendo vina asili moja.

Hapo ndipo hatari ya mchezo ilipo. Nimewahi kumtazama mwanafunzi wa kidato cha tatu akitengeneza tukio la Mwezini. Aligeuza anga kuwa nyeusi, akachora ardhi ya kijivu yenye mashimo, akaweka na nyota chache. Kazi ilikuwa nzuri sana kwa macho. Kisha akaangusha mpira na karatasi nyepesi, na karatasi ikachelewa. Akaandika katika daftari lake kwamba Mwezini vitu vyepesi huanguka polepole kuliko vizito. Kumbe kitufe cha hewa kilikuwa bado kimewashwa, na mvutano wa uzito ulikuwa ule ule wa dunia, mita 9.8 kwa sekunde kwa sekunde. Alikuwa amejenga Dunia iliyopakwa rangi nyeusi, na kompyuta haikuwa na njia ya kumwonya.

Jaribio lenyewe limekwisha fanywa Mwezini kwa kweli. Mwaka 1971 mwanaanga David Scott wa chombo cha Apollo 15 aliangusha nyundo na unyoya kwa wakati mmoja mbele ya kamera, navyo vikatua pamoja. Mwalimu anayetaka kulirudia katika mchezo hana budi kufanya mambo matatu, na rangi nyeusi ndiyo ya mwisho kwa umuhimu: azime hewa, apunguze mvutano hadi mita 1.6 kwa sekunde kwa sekunde, kisha ndipo apake anga. Kutoka kimo cha mita 1.6 kitu kitatumia sekunde 1.4 hivi kufika chini, badala ya sekunde 0.57 za hapa duniani. Ikiwa saa ya mchezo haitoi namba hizo, kuna kitu kilichosahauliwa, hata kama anga ni nyeusi kama masizi.

Tusidhani, hata hivyo, kwamba rangi ni pambo tu. Haimhusu mkokotoaji, lakini yamhusu mtazamaji, na hasa mtazamaji aketiye nyuma ya darasa. Shule zetu nyingi zenye projekta hazina mapazia mazito. Jua huingia na kuangukia ukuta ule ule unaomulikwa. Projekta haina uwezo wa kumulika weusi. Weusi wake ni ukuta usiomulikwa. Tuseme nuru ya jua ukutani ni sawa na nuru nyeupe kamili ya projekta, nasi tuipe kila moja kipimo cha 1. Mahali penye weupe patakuwa na 2, na mahali penye "weusi" patakuwa na 1. Nuru ya buluu peke yake huchangia kama asilimia 7 tu ya mwangaza wa weupe kwa jicho la binadamu. Basi mstari wa buluu juu ya anga nyeusi utakuwa na 1.07 dhidi ya 1, tofauti ndogo ambayo mwanafunzi ataiona kwa shida. Mstari huo huo juu ya anga nyeupe utakuwa na 1.07 dhidi ya 2, nao utaonekana wazi. Kwa masomo ya mchana, kwa hiyo, anga nyeupe na vitu vya rangi nzito ndilo chaguo la busara. Anga nyeusi na iwekwe akiba kwa somo la nuru, pale mwalimu anapotaka kuonyesha miali ikipinda ndani ya mche wa kioo, na chumba kiwe kimetiwa giza.

Mandhari inaweza pia kuchorwa miraba, kama karatasi ya grafu. Hapo inaanza kuwa chombo cha kipimo. Mchezo huruhusu kamera kumfuata mhusika mmoja, tuseme gari linalokwenda kwa kasi isiyobadilika. Nyuma yake pakiwa na rangi moja tupu, gari huonekana limesimama kabisa. Washa miraba, na mara utaiona ikikimbia kuelekea nyuma. Galileo alilieleza jambo hili mwaka 1632 kwa mfano wa abiria aliyefungiwa ndani ya chumba cha jahazi: maadamu jahazi linakwenda sawasawa, hakuna jaribio la ndani ya chumba litakalomwambia kama linakwenda au limetia nanga. Anga tupu ni chumba kisicho na dirisha. Miraba ndiyo dirisha lenyewe. Sijui njia nyepesi zaidi ya kumweleza mwanafunzi maana ya mwendo kulinganishwa na kitu kingine.

Tukifika kwenye picha, mambo hugeuka. Kuweka picha ya mtaa au ya korongo nyuma ya jaribio, mtumiaji huibandika juu ya mstatili, huusogeza mstatili huo nyuma ya vitu vyote, huuondolea uwezo wa kugongana, kisha huugundisha kwenye mandhari ili usianguke. Tuyaangalie maneno hayo: kugundisha kwenye mandhari. Tulisema mandhari ni rangi tupu isiyosomwa na mkokotoaji. Inawezekanaje basi kitu kigundishwe kwayo kisianguke?

Ukweli ni kwamba jina moja limebeba vitu viwili. Ipo mandhari ya macho, ambayo ni namba tatu za rangi. Na ipo mandhari ya mekanika, ambayo haionekani, nayo ni kiwiliwili kisichosogea kamwe. Programu za namna hii kwa kawaida hazihifadhi tungamo lenyewe katika hesabu zake za kani, bali kinyume chake, yaani 1 gawanya kwa tungamo. Kitu kisichosogea hupewa 0, jambo ambalo ni sawa na kusema tungamo lake halina mwisho. Kani yoyote ile, ikizidishwa kwa sifuri, huzaa mchapuko wa sifuri. Ukipiga msumari wa ekseli katikati ya gurudumu na nyuma yake hapana kitu kingine, umelifunga gurudumu kwenye mwamba huo usiosogea.

Mwamba huu humeza momentamu, yaani zao la tungamo na kasi, bila kuonyesha dalili. Mpira wa kilo 1 wenye kasi ya mita 10 kwa sekunde ukigonga ukuta uliogundishwa na kunata, katika mchezo momentamu yote hupotea. Mwanafunzi makini atalalamika kwamba kanuni ya Newton imevunjwa, na atakuwa na haki. Katika maumbile ukuta umeshikamana na Dunia, nayo husukumwa kweli. Lakini tungamo lake ni kilo milioni milioni milioni milioni 6, hivyo kasi itakayopata ni kama mita 1.7 kwa sekunde iliyogawanywa kwa 1 yenye sifuri 24. Mtengenezaji wa mchezo ameikata namba hiyo na kuandika sifuri. Ni ukadiriaji halali, ila inampasa mwalimu aufahamu.

Wasomaji wenye kompyuta wanaweza kujionea tofauti hiyo kwa saa. Zima hewa. Tengeneza bembea kwa kijiti chepesi chenye urefu wa mita 1 na tufe dogo zito mwishoni, ifunge juu kwa ekseli kwenye mandhari, na uiachie kutoka pembe ndogo. Kila mzunguko wa kwenda na kurudi utachukua sekunde 2.0. Sasa ifunge ekseli hiyo kwenye kitalu chenye tungamo sawa na la tufe, kikiwa juu ya ardhi isiyo na msuguano, na bembea iondolewe uwezo wa kugongana na kitalu na ardhi. Kitalu kitayumba kinyume cha tufe, na muda wa mzunguko utashuka hadi sekunde 1.4 hivi. Wanafunzi wa kidato cha tano na cha sita wajaribu kupata kwa hesabu kwa nini sekunde 2.0 zimegawanywa kwa kipeuo cha pili cha 2, kisha waongeze tungamo la kitalu mara 10 na mara 100, waone muda huo unavyorejea kidogo kidogo kwenye ule wa bembea iliyofungwa kwenye mandhari.