Inchi yenye iko ku kibambazi

Kuko inchi moja yenye haiko ku karte yoyote, lakini wengi wetu tulikomalia ndani yake. Muto wake unapita nyuma ya kiti ya baba. Kilima chake ni cheusi, na pembeni ya kilima shemine inatoa moshi. Ku kando ya maji kunaikala mwanamuke mwenye mukia wa samaki. Ile inchi ilikuwa mu salon: ni zile tablo zenye wazazi wetu walinunua na kutundika ku kibambazi.

Mu miaka ya 1970 wachoraji wengi walikuwa wanafanya ile kazi mu Lubumbashi, Likasi na Kolwezi. Walichora ku kitambaa cha mufuko wa unga, kisha walitembeza tablo nyumba kwa nyumba. Wanunuzi wao hawakukuwa matajiri. Walikuwa wafanyakazi wa mine, wa treni, walimu, makarani, watu wa mushahara wa mwezi. Mambo yote yanatokea pale: muchoraji alirudilia paka kile chenye watu waliomba. Tablo yenye haikugusa roho ya watu ilibakia mu mikono yake. Kwa hiyo vilima na mito ya ile inchi haikutoka mu kichwa cha mutu mumoja. Ilitoka mu hamu, mu tamaa, mu woga na mu uchungu wa watu wengi pamoja. Watu wenyewe waliipatia jina: ukumbusho.

Hamu na tamaa

Tuanze na mugini. Nyumba za majani, mitende, muvuvi mu mutumbwi, jua linashuka. Hakuna njaa, hakuna deni, hakuna sirene ya kazi. Mugini wa namna ile ulikuwa wapi? Wazazi wetu walitoka Kasai, Luapula, kwa Waluba na kwa Wasanga, kila mutu na kwao. Lakini tablo ilikuwa ileile mu nyumba zote. Ule ulikuwa mugini wa mutu mwenye kuikala mu kampi na kuota kwao.

Kisha kuko Mamba Muntu. Anaikala ku muamba, nywele ndefu, kitana na kioo mu mikono, mara ingine saa ku mukono. Habari yake mama zetu walituambia: mutu akipata kipande cha nywele zake, anapata feza mingi, lakini lazima anyamaze, na siku moja atalipa, pengine kwa mutu wa jamaa yake. Mutu mwenye kulipwa kidogo kila mwezi anajua ile tamaa, na anajua pia ule woga. Utajiri wa gafula, ni nani ataulipia? Siku ya leo, wakati kijana anarudia ku machimbo na motere mupya, mu kartie watu wanauliza paka ile swali.

Woga na uchungu

Tablo ingine iliitwa «Colonie Belge». Lupango ya gereza, bendera, muzungu na pipa yake, askari anapiga mutu fimbo chini, wanawake wanangoja na chakula. Mu wakati wa Mobutu mutu aliweza kutundika ile tablo bila kusema neno. Ilionyesha mateso ya zamani, lakini mugeni mwenye akili alisikia ndani yake hata mateso ya siku zile. Mu «Simba Bulaya» tulikuta woga wa usiku: wale batumbula, wenye watu walisema wanakamata watu mu barabara na kuwapeleka kwa wazungu.

Na kuko usine: shemine na kilima cheusi cha Lubumbashi. Ile tablo ilibeba kiburi: ni sisi tunayeyusha shaba. Lakini Tshibumba Kanda Matulu, aliyezaliwa mu 1947 hapa hapa, alionyesha upande mwingine. Kati ya 1973 na 1974 alichora tablo 101 za historia ya inchi pamoja na muprofesa Johannes Fabian, na wakazungumuza juu ya kila moja mu Kiswahili chetu. Mule munakuwa wafanyakazi wa Union Minière wenye walipigwa risasi mu Desemba 1941, ku uwanja wa mupira, sababu waliomba mushahara. Zile tablo zinachungwa leo Amsterdam.

Wakati mushahara ulikufa, tablo nazo zilianza kukufa. Mutu mwenye anatafuta unga hanunui tablo. Mu 2003 na 2004 wafanyakazi zaidi ya 10,000 wa Gécamines waliacha kazi mu kile kiliitwa «départ volontaire». Kiti kiliuzishwa, redio iliuzishwa, tablo ilibakia mu vumbi. Mu 2006 Sammy Baloji, mutoto wa Lubumbashi, alifanya kazi yenye aliita «Mémoire»: alikamata picha za zamani za wafanyakazi wa mine na kuziweka juu ya picha za usine zenye kubomoka. Wazee wale wanasimama mu magofu sawa watu wenye wanangoja mushahara wao. Ni inchi ileile, lakini roho ya watu ilibadilika, na kilima nacho kikabadilika sura.

Kwa wasomaji wetu tunaomba kitu kidogo. Kama kwenu kunabakia tablo ya zamani, musiifunike dirisha yenye kuvunjika. Muiteremushe, mupanguse vumbi, muite watoto. Mumuombe muzee wa nyumba aeleze ni nani mule, anafanya nini, na sababu gani baba aliichagua siku ile ya mushahara. Tablo bila mazungumuzo ni rangi tu.

Na sisi wa leo, tunatundika nini ku kibambazi? Machimbo yenye kubomokea vijana, makamio usiku ku barabara ya Kasumbalesa, mama wenye wanaosha mawe mu maji: ile yote iko mu ndoto zetu, lakini bado haina sura. Wazazi wetu walikuwa na mushahara kidogo, lakini walilipa mutu ili awachoree woga wao na hamu yao. Watoto wetu nao watauliza tuliogopa nini, na tulitamani nini.