MTOTO HUJITAMBUA LINI?
Jaribio la Kioo Katika Mikinduri

Wazazi wengi hudhani kuwa mtoto mchanga hajui lolote juu ya nafsi yake. Dhana hiyo si sahihi. Mwaka 1997 wataalamu wawili wa Marekani, Philippe Rochat na Susan Hespos, walitoa habari za watoto ambao hawajatimiza siku moja tangu kuzaliwa. Mtu akimgusa mtoto shavuni kwa kidole, mtoto hugeuza kinywa kama atafutaye ziwa la mama. Lakini mkono wake mwenyewe ukimgusa shavu, hageuki kwa wingi kama huo. Maana yake ni kwamba mwili wake umekwisha kupambanua kati ya mguso wake na mguso wa mwingine. Akifikia umri wa miezi minne na nusu, hutega sikio zaidi asikiapo jina lake kuliko asikiapo jina jingine.

Kuitambua sura yake huja baadaye, na kipimo chake kimekuwa kioo. Mwaka 1972 Bibi Beulah Amsterdam, wa Marekani, alieleza jinsi alivyowapima watoto. Mtoto hutiwa alama ya rangi puani bila kujua, kisha huwekwa mbele ya kioo. Akiipapasa pua yake mwenyewe badala ya kukigusa kioo, husemwa kuwa amejitambua. Watoto wengi wa Ulaya na Marekani hufanya hivyo kati ya miezi 18 na 24. Basi ikaaminiwa kuwa umri huo ni wa watoto wote wa dunia.

WATOTO 82

Mikinduri ni soko la wakulima katika Tigania, Meru, kwenye mitelemko ya vilima vya Nyambene. Huko ndiko imani hiyo ilikopata mtihani. Bibi Tanya Broesch na wenziwe, ambao habari zao zilichapishwa mwaka 2011, waliwapima watoto 82 wenye umri wa miezi 18 hadi miaka 6. Badala ya rangi walitumia kikaratasi chenye gundi, wakakibandika kwenye paji la uso bila mtoto kujua. Mtoto akitazama kioo, ilitazamiwa kuwa atakibandua mara moja.

Watoto wawili tu ndio waliofanya hivyo. Waliobaki walisimama kimya, wakijitazama.

Je, watoto wa miaka 5 na 6, wawezao kutumwa dukani na kurudi na chenji kamili, hawajijui? Mzazi yeyote atacheka asikiapo neno hilo. Wataalamu wenyewe hawakulikubali. Waliwapima pia watoto wa Fiji, Peru, Grenada na Saint Lucia, na huko nako waliobandua alama walikuwa wachache kuliko wa Marekani na Kanada. Wakaona kwamba kosa laweza kuwa katika kipimo, wala si katika mtoto. Pengine mtoto ajua vyema kuwa yule wa kiooni ni yeye. Asichojua ni kama anayo ruhusa ya kukiondoa kitu alichowekewa na mtu mzima, tena mgeni. Mtoto aliyefundishwa kungoja neno la wakubwa hungoja.

KILA MALEZI NA MATUNDA YAKE

Habari za Kameruni zatia nguvu fikira hiyo. Mwaka 2004 Bibi Heidi Keller na wenziwe waliwalinganisha watoto wa wakulima wa Nso na watoto wa mjini wa Ugiriki. Wale wa Ugiriki, waliozoea kutazamwa usoni na kuzungumzwa nao, walijitambua kiooni mapema. Wale wa Nso, waliozoea kubebwa na kukaa karibu na mwili wa mama, walichelewa kwa kioo, lakini waliwatangulia wenzao katika kutii maagizo na kujizuia. Kujizuia nako ni kujijua, kwani hakuna awezaye kuutawala mkono asioujua kuwa ni wake.

Kwa hiyo mzazi au mwalimu asikubali upesi mtoto aitwe mzito wa akili kwa sababu ya kipimo kimoja kilichotungwa mbali. Kwanza na aulize: kipimo hiki kinapima akili, au kinapima mazoea? Walakini asikae bure pia. Na amwite mtoto kwa jina, amjibu anapogugumia, ampe nafasi ya kuuliza. Na mtoto aliyetimiza mwaka asiyegeuka aitwapo jina apelekwe hospitali akaangaliwe masikio, maana hilo ni jambo lisilongoja.

Kioo huonyesha uso tu. Adabu iliyomfanya mtoto wa Mikinduri asimame kimya haionekani humo, nayo ni sehemu ya nafsi yake vilevile.