RANGI YA MTOTO NA KITABU ASOMACHO

Watu wengi wakisikia maneno "ubaguzi wa rangi" huwakumbuka mara moja Makaburu wa Afrika Kusini, au mambo ya Marekani, kisha hupumua kwa raha. Hujisemea: sisi huku milimani hatuna habari hizo. Tangu Mgeta hadi Matombo, tangu Kinole hadi Mkuyuni, sote tu weusi. Nani atambagua nani?

Basi nawaomba akina baba na akina mama wakae kimya jioni moja tu, wawasikilize watoto wanavyoitana uani. Huyu ni "Mkaa", yule ni "Masizi". Msichana mwenye rangi ya maji ya kunde husifiwa uzuri mbele ya dada yake aliye mweusi zaidi, na dada huyo akiwa amesimama pale pale na ndoo kichwani. Mtoto aliyezaliwa na ualbino huitwa jina ambalo sitaliandika hapa. Husemwa kwa mzaha, najua. Lakini mtoto huwa halitupi neno. Huliweka, na akiwa peke yake hulitoa akalitazama.

Nilisomea ualimu chuoni kabla ya kuwa karani wa parokia, na mapenzi ya vitabu hayajanitoka. Kwa hiyo nitazungumza juu ya vitabu vichache vya watoto na vijana viligusavyo jambo hili hasa: mtoto aichukiaye ngozi yake mwenyewe, na watu wamfundishao kuichukia. Vingine vyatoka mbali, lakini msomaji ataona kwamba njia yake yapita hapa hapa kwetu.

Tuanze na wazee. Wale waliopata bahati ya kwenda shule zamani walisoma nini? Walisoma Mashimo ya Mfalme Sulemani, kitabu cha Mwingereza Rider Haggard kilichotolewa kwa Kiswahili mwaka 1929. Ni hadithi tamu, sikatai, na yumo ndani yake mfalme mmoja mweusi mwenye heshima. Hata hivyo kijana wa Kiafrika aliyekisoma alimkuta Mzungu ndiye mwenye akili, mwenye bunduki na mwenye safari. Watu wa rangi yake wengi wao walikuwa wachukuzi na watumishi. Akikifunga, alikuwa amejifunza Kiswahili kizuri, na amejifunza tena mahali pake pa kusimama, nyuma ya msafara.

Miaka 11 baadaye, mwaka 1940, kikatoka kitabu kingine: Elisi katika Nchi ya Ajabu, tafsiri ya hadithi ya Lewis Carroll. Katika kitabu cha Kiingereza Alice ni mtoto wa Kizungu mwenye nywele ndefu. Katika kile cha Kiswahili alichorwa upya, akawa binti wa Kiafrika. Hadithi ilikuwa ile ile ya Mwingereza, lakini uso ulikuwa wa mtoto wa huku. Je, ni jambo dogo? La hasha! Mtoto wa Pwani au wa Morogoro aliyeifungua picha ile aliona kwamba mtu wa kufanana naye aweza kuwa ndiye mwenye safari, naye Sungura na Malkia wakawa wageni wake.

Sasa tusogee karibu zaidi. Nje kidogo ya mji wa Morogoro pana mahali paitwapo Mazimbu. Vijana wetu wasomao Chuo Kikuu cha Sokoine cha Kilimo wapajua kuwa ni Kampasi ya Solomon Mahlangu, lakini ukiwauliza Mahlangu alikuwa nani, wengi hutazamana.

Habari yenyewe ni hii. Mwaka 1953 serikali ya Makaburu ilitunga sheria ya elimu iliyoitwa Elimu ya Kibantu. Nia yake haikufichwa: mtoto mweusi afundishwe kiasi cha kumfaa mtumishi, basi. Vitabu vya shule vikawa ndivyo vya kumwonyesha kwamba nchi ina mwenyewe, naye siye. Watoto wakavisoma miaka mingi. Kisha serikali ikaamuru masomo mengine yafundishwe kwa lugha ya Makaburu, na tarehe 16 Juni 1976 wanafunzi wa Soweto wakatoka barabarani kukataa. Polisi wakawapiga risasi. Ndiyo sababu tarehe hiyo twaiadhimisha mpaka leo kuwa Siku ya Mtoto wa Afrika, ingawa katika shule zetu nyingi siku hiyo ni ya maandamano na ngonjera tu, na sababu yake haisemwi.

Vijana wengi wakakimbia nchi yao. Serikali ya Tanzania ikawapa wapigania uhuru wa chama cha ANC shamba la zamani la mkonge pale Mazimbu, mwaka 1977. Wakajenga shule ya sekondari, ya msingi, na mahali pa kulelea watoto wadogo, pamoja na maktaba, karakana, hospitali na shamba la chakula. Shule ikapewa jina la Solomon Mahlangu, kijana aliyenyongwa na Makaburu tarehe 6 Aprili 1979 akiwa na umri wa miaka 22. Oliver Tambo aliifungua rasmi mwaka 1985, na mwaka 1992, uhuru wao ulipokuwa umekaribia, yote ikakabidhiwa kwa Serikali ya Tanzania.

Jambo linipendezalo kwa shule ile si majengo. Ni kwamba walimu wake waliona hawawezi kumponya mtoto kwa vitabu vile vile vilivyomwumiza. Wakatunga masomo yao ya historia, yaliyowahesabu watu weusi kuwa watendaji katika nchi yao, wala si watu wa kutendewa tu. Kazi hiyo ilifanyika hapa chini ya Uluguru, na wazee waliokuwa wakiuza mboga na ndizi mjini miaka ile wawakumbuka vijana wale.

Maisha ya watoto wa nchi ile yaliandikwa na mama mmoja, Beverley Naidoo, Mzungu aliyezaliwa Johannesburg mwaka 1943 na kuishi uhamishoni Uingereza. Kitabu chake kiitwacho Journey to Jo'burg, yaani Safari ya Johannesburg, kilitoka mwaka 1985, na Makaburu wakakipiga marufuku katika nchi yao mpaka mwaka 1991. Wakubwa wenye majeshi wakaogopa kitabu chembamba cha watoto! Ndani yake msichana Naledi na mdogo wake Tiro waondoka kijijini kwa miguu kwenda kumtafuta mama yao, kwa kuwa mtoto mchanga ni mgonjwa. Mama huyo ni mtumishi wa nyumbani mjini. Alea watoto wa Wazungu, na wa kwake wabaki kwa bibi.

Naomba msomaji wa Uluguru asipite hapo haraka. Ni nyumba ngapi kwetu ambazo binti ameshuka Dar es Salaam kulea watoto wa watu? Sisemi waajiri wote ni wabaya. Nasema watoto wetu wakisimuliwa kitabu hicho hawataulizwa maana ya kumngoja mama, waijua.

Tuingie sasa katika kitabu ambacho kwa maoni yangu chafaa kuliko vyote kwa watoto wadogo. Chaitwa Sulwe. Mwandishi wake ni Lupita Nyong'o, binti wa Kenya, mwigizaji wa sinema aliyepata tuzo kubwa ya Oscar mwaka 2014. Kilitoka kwa Kiingereza mwaka 2019, na baadaye kikatolewa kwa Kiswahili na Kijaluo pia. Sulwe kwa Kijaluo maana yake ni nyota. Msichana huyo ni mweusi kuliko wote nyumbani kwao. Dada yake ana rangi ya mchana, naye ana rangi ya usiku wa manane. Shuleni aitwa majina. Basi ajaribu kuifuta ngozi yake kwa kifutio cha penseli. Ajaribu vipodozi vya mama yake. Ale vyakula vyeupe tupu. Mwisho asali Mungu ambadilishe. Mwandishi mwenyewe amesema hadharani kwamba alipokuwa mtoto alisali sala hiyo hiyo.

Jumapili moja baada ya Misa niliwasomea watoto kitabu hicho kwenye baraza ya ofisi. Walikuwa kama ishirini, na watu wazima wachache waliokuwa wakingoja vyeti. Nilipofika kwenye sala ya Sulwe na kwamba asubuhi aliamka vile vile, msichana mmoja wa Darasa la Nne aliinua mkono.

"Mwalimu, kwa nini Mungu hakumsikia?"

Kabla sijajibu, bibi yake aliyekuwa amekaa ngazini akasema, "Mungu hana nafasi ya kusikia upuuzi." Watu wakacheka. Msichana hakucheka. Nyumbani kwao huitwa Mkaa, na aliyempa jina hilo ni bibi huyo huyo, kwa mapenzi kabisa.

Nikaendelea kusoma. Ipo hadithi ndani ya hadithi: Usiku na Mchana ni ndugu wawili, na watu wakawa wakimsifu Mchana na kumdharau Usiku kwa majina mabaya, hata Usiku akaondoka zake. Jua likawaka bila kukoma, watu wasipate usingizi, mazao yakaungua. Hapo wakulima waliokuwa wakisikiliza wakatikisa vichwa, maana jua lisilokoma si fumbo kwao. Mchana akaenda kumwomba ndugu yake arudi. Hapo ndipo kitabu kinapofanya kazi yake, wala si pale mama wa Sulwe anapompa mafundisho juu ya uzuri wa ndani. Watoto walianza kusukumana wakati wa mafundisho, wakatulia tena Usiku alipoondoka.

Jioni yule bibi alikuja mlangoni. "Mwanangu," akaniambia, "nipe kile kitabu, mjukuu wangu anisomee tena. Pale mwisho sikusikia vizuri." Nilimpa, wala sikumwuliza neno.

Kifutio cha Sulwe ni mzaha wa kitabuni. Mkorogo si mzaha. Wasichana wetu hurudi kutoka mjini na vikopo visivyo na maelezo ya maana. Mafuta mengine ya kuchubua ngozi yana zebaki, ambayo huingia mwilini na kuharibu figo, na mengine yana hidrokwinoni, ambayo mwishowe huacha mabaka meusi pale pale palipotakiwa weupe. Serikali imepiga marufuku vipodozi vyenye viambato hivyo, na bado vyauzwa. Aliyepaka hakuanza siku aliyonunua kikopo. Alianza akiwa na miaka saba, siku dada yake aliposifiwa.

Wapo watoto ambao wateswa kwa sababu iliyo kinyume cha hiyo. Katika Tanzania inakadiriwa kwamba mtoto mmoja katika kila 1,400 huzaliwa na ualbino. Kwa kazi yangu ya kuandika ubatizo nimemwona mama akija peke yake na mtoto wa namna hiyo, baba "amesafiri". Baba, sikiliza: mtoto huyo hakutoka kwa Mzungu wala kwa jini. Katika ualbino ulio wa kawaida kwetu, baba na mama wote wawili hubeba asili yake bila kujua, kila mmoja nusu, na kwa kila mimba yao ipo nafasi moja katika nne ya kuzaliwa mtoto asiye na rangi ya ngozi. Ukimlaumu mkeo, jilaumu kwa kipimo hicho hicho.

Kwa vijana wakubwa kipo kitabu kiitwacho Golden Boy, cha Tara Sullivan, kilichotoka mwaka 2013. Chasimulia habari za Habo, mvulana mwenye ualbino wa nchi yetu, akimbiaye Mwanza hadi Dar es Salaam kwa hofu ya wauaji, na kupokelewa na mchonga vinyago kipofu. Mwandishi alichukua mambo ya kweli, maana mauaji ya watu wenye ualbino yaliitia nchi yetu aibu tangu miaka ya 2006 na 2007. Kimeandikwa kwa Kiingereza, nalo ni jambo la kusikitisha, kwa kuwa habari ni zetu. Asipewe mtoto mdogo; kina vitisho. Lakini yule mchongaji, ambaye kwanza amjua Habo kwa sauti yake na kazi ya mikono yake tu, ni mtu wa kukumbukwa.

Na hapa niseme jambo moja la darasani. Watoto wengi wenye ualbino hawaoni vizuri kwa mbali, na maandishi madogo huwasumbua. Mwalimu akimweka nyuma, mtoto huonekana mzito wa akili. Akae mbele, mbali na dirisha lenye jua. Aruhusiwe kukishika kitabu karibu na macho. Apewe chenye herufi kubwa. Nje, kofia pana na mikono mirefu. Pale KCMC, Moshi, hutengenezwa mafuta ya kukinga jua kwa ajili yao. Waulizeni waganga wa hospitali zenu.

Watu wataniuliza, fedha za vitabu zatoka wapi? Maktaba ya Mkoa ipo Morogoro mjini, na anayeshuka kuuza kabichi aweza kuingia. Nyumba nyingine tayari zina maisha ya watakatifu kabatini: Martin de Porres wa Lima, ambaye baba yake Mhispania alimwonea haya kwa kuwa alirithi rangi ya mama yake mweusi, akatangazwa mtakatifu mwaka 1962; na Josephine Bakhita wa Sudani, mtumwa aliyetangazwa mwaka 2000. Someni kwa sauti, mzazi akiwapo. Mtoto akisoma peke yake atafarijika, lakini wamwitao Mkaa hawatakuwa wamesikia.

Kitabu cha Sulwe cha ofisini kwetu kimekwisha kupita nyumba tisa, na jalada limeshonwa kwa uzi. Sasa kipo kwa jumuiya ya juu kabisa mlimani, na wa bondeni wanaanza kulalamika kwamba kinachelewa.