Tom Wills: Aliwapa Waaustralia mpira wao, akazikwa bila jiwe

KILA Septemba inapofika ukingoni, mashabiki wapatao 100,000 hujazana Uwanja wa MCG jijini Melbourne kuangalia fainali ya ligi kuu ya mpira wa Australia. Ni ule mchezo wa mpira wenye umbo la yai, unaochezwa kwa mikono na miguu, kila timu ikiwa na watu 18 uwanjani. Nje ya uwanja huo kuna sanamu ya jamaa mmoja akiwa refa wa mechi ya vijana wa shule.

Jamaa huyo ni Tom Wills. Ndiye aliyewasha moto wa mchezo huo, lakini kwa miaka 100 baada ya kufariki, kaburi lake halikuwa na hata jiwe lenye jina lake.

Mtoto wa mfugaji
Wills alizaliwa mwaka 1835 huko New South Wales. Baba yake, Horatio Wills, alikuwa mfugaji wa kondoo aliyehamishia familia magharibi mwa Victoria, kwenye ardhi ya Waaborijini wa kabila la Djab Wurrung. Watoto wa kizungu eneo lile walikuwa wa kuhesabu, hivyo Tom alikua akicheza na watoto wa wenyeji. Lugha yao aliishika vizuri tu.

Alipofikisha miaka 14, mzee akampeleka England kusoma Shule ya Rugby, ileile ambayo mchezo wa raga umechukua jina lake. Darasani hakutamba, lakini uwanjani alikuwa hashikiki. Akawa nahodha wa timu ya kriketi ya shule, na aliporudi Melbourne mwishoni mwa 1856 alikuwa tayari ni staa.

Barua iliyozaa mchezo
Kriketi ni mchezo wa kiangazi. Baridi ikiingia, wachezaji walikuwa wanakaa tu na miili inalegea. Julai 10, 1858, gazeti la michezo la Bell's Life in Victoria likachapisha barua ya Wills akiwataka wacheza kriketi waanzishe klabu ya mpira. Wakishindwa hilo, alisema, basi waanzishe hata klabu ya kulenga shabaha, ilimradi wasikae bure.

Agosti 7 mwaka huohuo, Wills alikuwa mmoja wa marefa wa mechi kati ya shule mbili, Scotch College na Melbourne Grammar. Refa mwenzake alikuwa John Macadam, mwanasayansi ambaye mmea wa makadamia umepewa jina lake. Kila upande ulikuwa na wachezaji 40! Kipute hicho kilichezwa Jumamosi tatu tofauti, na mwisho wa siku kikaisha kwa sare ya 1-1. Mechi hiyo ndiyo inayoonyeshwa kwenye sanamu.

Mei 17, 1859, Wills na wenzake wachache wakakutana kwenye Hoteli ya Parade, jirani na uwanja wa kriketi, wakaandika sheria 10. Wills alitaka wafuate sheria za Rugby, wenzake wakagoma kwa kuona zinachanganya. Ikabidi akubali yaishe. Kupigana mateke ya ugoko kukapigwa marufuku, na mtu akiudaka mpira uliopigwa na mguu akapewa haki ya kupiga bila kubughudhiwa. Sheria ya kuotea hawakuiweka, na hadi leo mchezo huo hauna kuotea.

Wakati huo, FA ya England ilikuwa bado haijazaliwa. Sheria zake za soka zilikuja mwaka 1863, miaka minne baadaye.

Siku iliyombadilisha
Mwaka 1861, Wills aliacha mpira akamfuata baba yake Queensland kuanzisha ranchi mpya ya Cullin-la-ringo. Oktoba 17, Waaborijini wa eneo hilo waliivamia kambi na kuua watu 19, Horatio akiwemo. Tom alinusurika kwa sababu alikuwa safarini kufuata mahitaji. Inaelezwa uvamizi huo ulikuwa kisasi, baada ya mfugaji jirani kuwashambulia wenyeji kabla yake.

Kilichofuata kilikuwa kibaya zaidi. Wazungu na polisi wao waliwasaka wenyeji na kuua mamia. Kama Wills naye alishiriki, ndipo wanahistoria wanapobishana hadi sasa, hasa baada ya mwaka 2021 kuibuka habari ya gazeti moja la Chicago la mwaka 1895 inayodai alishiriki.

Lakini ni mtu huyohuyo ambaye mwaka 1866 alikubali kuwa kocha na nahodha wa timu ya kriketi ya Waaborijini wa Victoria. Siku moja baada ya Krismasi aliwaingiza MCG mbele ya maelfu ya watu. Mwaka 1868 timu iliyotokana na kikosi hicho ilikwenda England na kucheza mechi 47, ikiwa ya kwanza kutoka Australia kufanya ziara hiyo. Wills hakuchukuliwa. Nafasi yake ilikwenda kwa Charles Lawrence.

Mwisho wa upweke
Aliendelea kukipiga Geelong, ila pombe ilikuwa imeshamshinda. Madeni yakamwandama, na marafiki wa enzi za ustaa wakapungua. Mei 2, 1880, akiwa na miaka 44 na akili ikiwa imevurugwa na pombe, alijitoa uhai nyumbani kwake Heidelberg. Waliomsindikiza kaburini walikuwa wachache sana.

Jiwe la kaburi lilikuja 1980, sanamu ikafuata 2001. Mjadala uliobaki ni kama mchezo wake ulichota chochote kwenye marngrook, mpira wa ngozi waliocheza Waaborijini. Wills mwenyewe hakuacha hata mstari mmoja kuhusu hilo. Kinachojulikana ni kwamba wale watoto wa Djab Wurrung ndio waliokuwa wenzake wa kwanza wa kucheza nao, miaka mingi kabla hajaiona Rugby.