Je, wajua? Kontroli boksi haiipi noseli moto

Katika magari mengi ya petroli, noseli hupata moto wa volti 12 mara tu swichi inapofunguliwa. Kontroli boksi, yaani kompyuta ya injini, huipa ethi. Ikiiunga na ethi kwa milisekunde chache, noseli hunyunyiza petroli, ikiikata, hufunga. Injini ikizunguka mara 3,000 kwa dakika, katika mifumo mingi kila noseli hufunguka mara 25 kwa sekunde.

Pini za boksi huonekana nyingi, ila kazi zao ni nne. Za kwanza ni za umeme: moto wa kudumu unaotunza kumbukumbu, moto wa swichi, na ethi kadhaa. Za pili hupokea taarifa. Sensa ya mkao wa throto kwa kawaida ina waya tatu: volti 5, ethi na ishara. Ya joto la maji ina mbili, na ukinzani wake hushuka joto likipanda. Za tatu hutoa amri kwa noseli, koili na rilei.

Za nne ni za mawasiliano. Mfumo wa CAN, uliotangazwa na Bosch mwaka 1986, hutumia waya mbili zilizosokotwa. Kelele ya umeme huzipata zote kwa pamoja, hivyo tofauti kati yao, ambayo ndiyo ujumbe, haiharibiki. Kwenye soketi ya pini 16 chini ya dashibodi, waya hizo ni pini 6 na 14. Ondoa waya wa betri, kisha pima ukinzani kati ya pini hizo mbili: omu 60 hivi ni salama. Ukipata 120, kikinza kimoja kati ya viwili vilivyo kwenye ncha za njia hiyo hakisomeki.

Kabla ya kuhesabu pini za boksi, angalia mchoro wake umechorwa kutoka upande gani. Ukitazama soketi ya boksi kutoka nyuma, kushoto huwa kulia, na moto unaweza kupelekwa penye volti 5. Wala usitoboe waya kwa sindano: unyevu huingia na shaba huliwa na kutu.

Injini ikiwaka, pima volti kati ya ethi ya boksi na nega ya betri. Kipimo kikaribie sifuri. Kikifika nusu volti, ethi ni mbovu, na sensa nzima zitaonekana zinadanganya. Maboksi mengi mazima hutupwa kwa sababu hiyo. Kwa hiyo, ukiambiwa ununue boksi jipya, omba kwanza uonyeshwe vipimo vitatu: moto, ethi na volti 5.